Mama Mkwe Anatapika Chakula cha Jana, Nami Ndiye Ninayelaumiwa

SWALI

Kwako Mshauri,

Mimi ni mwanamke wa miaka 34, mzaliwa wa Kakamega, niliyeolewa katika familia ya Wajaluo. Ninaishi na mume wangu na watoto wetu wawili mtaani Manyatta, hapa Kisumu. Tangu Januari tunaishi pia na mama mkwe, ambaye tulimtoa nyumbani upande wa Siaya ili awe karibu na kliniki. Ana miaka 61, na kisukari amekuwa nacho kwa miaka 17. Hujidunga insulini ya mchanganyiko asubuhi na jioni, na humeza vidonge vya metformini.

Kinachonisumbua ni chakula. Mama akiketi kula, humeza matonge matano au sita kisha husogeza sahani na kusema ameshiba, kana kwamba amekula karamu. Hubeua kwa muda mrefu, tumbo la juu humjaa likawa gumu, na mara mbili au tatu kwa wiki hutapika. Hayo si matapishi ya mtu aliyekula kitu kibovu, kwa maana hutapika alfajiri, na ndani yake nimeona kwa macho yangu sukuma wiki aliyokula usiku uliotangulia, ikiwa vilevile nilivyoikata. Siku moja niliona punje za nyoyo, yaani mahindi na maharagwe yaliyochemshwa pamoja, za mchana wa jana yake. Tangu aje kwetu amepungua kilo 8, na akisimama ghafla hupatwa na kizunguzungu.

Sukari yake nayo haina mwelekeo. Jioni moja mwezi uliopita alijidunga saa moja u nusu, akala kidogo, na ilipofika saa tatu u nusu alikuwa akitetemeka na kutokwa na jasho. Mashine ilionyesha 3.1. Tukampa biskuti na chai. Saa tisa usiku mashine hiyohiyo ilisoma 17.4. Tulipopeleka daftari kliniki, aliambiwa kwa ukali kwamba anaruka sindano au anakula vitu vitamu kwa siri, na dozi ya jioni ikaongezwa. Mume wangu aliamini, akaupekua mkoba wa mama yake akitafuta peremende. Hakupata kitu, lakini mama alilia mchana kutwa.

Katika duka la dawa tuliambiwa kwamba ni vidonda vya tumbo, tukapewa omeprazole na Buscopan. Usiku humeza pia tramadol kwa sababu nyayo humwaka moto. Tangu aanze Buscopan naona kama kutapika kumezidi, ila sina hakika.

Sasa wifi yangu anasema kwamba mama hakuwa hivi alipokuwa akipikiwa na watu wake, na sote tunajua maana ya maneno hayo. Jirani mmoja amesema ni sihoho, yaani kuna mtu mwenye jicho baya aliyemtazama mama akila, na chakula kikakwama tumboni. Mipango imeshafanywa apelekwe nyumbani mwisho wa mwezi kwa mzee ambaye huchanja tumbo kwa wembe na kukitoa chakula hicho. Mama mwenyewe amechoka na anasema lolote litakaloamuliwa atalikubali.

Naomba kuuliza mambo matatu. Je, mapishi yangu yanaweza kuwa ndiyo chanzo? Je, kuna ugonjwa unaofanya chakula kikae tumboni kutoka jioni hadi asubuhi? Na usiku ambao mama hawezi kula, je, nimpunguzie insulini au nimwache asijidunge kabisa?

Mkaza mwana, Manyatta

JIBU

Mkaza mwana, pole kwa mzigo huu, na umfikishie mama pole zangu. Nitaanza na wembe, kwa sababu ndio uliopangiwa tarehe. Usikubali mama achanjwe tumboni. Simkejeli mzee huyo wala imani ya sihoho, ambayo wengi wetu tuliokulia kando ya ziwa tuliisikia kabla hatujajua kusoma. Ukiitafakari, utaona kwamba walioisimulia walikuwa wameona jambo la kweli, yaani kwamba wapo watu ambao chakula huwakaa tumboni kikakataa kusonga. Wanachotofautiana nacho madaktari ni chanzo chake. Lakini ngozi ya mtu ambaye sukari yake hufika 17 hupona polepole na hufanya usaha upesi, wembe uliopita kwa wengine huweza kuleta homa ya ini au virusi vya Ukimwi, na chakula kilicho ndani ya tumbo hakina njia ya kutokea kwenye chale za ngozi. Wazee wakihitaji sababu ya kuahirisha safari, waambieni kwamba sukari iliyo katika damu yake haimruhusu kukatwa kwa sasa. Kauli hiyo ni ya kweli, na haimvunjii mtu yeyote heshima.

Sasa nije kwenye swali lako la pili, kwani ndilo linalobeba mengine yote. Siwezi kuutaja kwa uhakika ugonjwa wa mtu nisiyemwona. Hata hivyo, mambo uliyoyaandika, yaani kushiba kwa matonge machache, kubeua, tumbo la juu kujaa, kutapika chakula cha jana kikiwa bado kinatambulika, na sukari inayoanguka baada ya kula kisha kupaa usiku wa manane, yakitokea kwa mtu aliyeishi na kisukari kwa miaka 17, hunielekeza kwenye hali ambayo madaktari huiita gastroparesisi. Ni hali ambayo tumbo huchelewa mno kuteremsha chakula kwenye utumbo mwembamba, ilhali hakuna kitu chochote kilichoziba njia.

Tumbo la mtu mzima halikai tu kama kiroba cha kutilia chakula. Sehemu yake ya juu hutanuka ili kupokea, na ya chini husaga, ikijikaza kwa mawimbi takriban 3 kila dakika, mpaka chakula kigumu kiwe vipande vya milimita 1 hadi 2 hivi, ndipo mlango wa chini ukiruhusu kipite kidogokidogo. Kwa mtu mwenye afya, mlo wa kawaida huwa umeondoka karibu wote ifikapo saa 4 baada ya kula. Kazi hiyo huongozwa na neva ndefu iitwayo vagasi, inayoshuka kutoka kwenye ubongo, pamoja na seli maalumu zilizo katika ukuta wa tumbo ambazo hupanga mapigo yake. Sukari iliyokuwa juu kwa miaka mingi huiharibu neva hiyo na kuzipunguza seli hizo, kama inavyoziharibu neva za miguu. Ndiyo maana sikushangaa kusoma kwamba nyayo za mama humwaka moto na kwamba kusimama humletea kizunguzungu, kwa kuwa huenda yote matatu yametoka kwenye chungu kimoja.

Hali hii haikugunduliwa juzi. Mwaka 1958, daktari Paul Kassander wa Marekani aliandika kuhusu wagonjwa wa kisukari ambao matumbo yao yalibaki na chakula muda mrefu, akaipa hali hiyo jina ambalo linatumika hadi leo, na akaonya kwamba inaweza kuivuruga sukari hata kwa mgonjwa ambaye hana malalamiko ya tumbo. Kwa hiyo mama hakustahili kuitwa mwongo kwa sababu ya namba zile mbili zilizoandikwa daftarini.

Hebu tuzitazame namba hizo. Insulini ya mchanganyiko inayotolewa katika kliniki zetu nyingi ina sehemu ya haraka na sehemu ya polepole. Ile ya haraka huanza kazi kama nusu saa baada ya sindano na hufikia kilele kati ya saa 2 na saa 4. Imetengenezwa kwa kudhani kwamba wakati huo ugali unaingia kwenye damu kama sukari. Kwa mama, insulini ilifika kazini ikakuta ugali ungali tumboni, ikaishusha sukari kidogo iliyokuwapo kwenye damu, akatetemeka na kusoma 3.1. Usiku wa manane, wakati sehemu ile ya haraka ilikuwa imepungua nguvu, tumbo likaanza kuteremsha mlo wa jioni, pamoja na biskuti zenu, na mashine ikasoma 17.4. Hakuna peremende iliyohitajika ili jambo hilo litokee. Kuna na fundo jingine: sukari inapokuwa juu sana, hiyo yenyewe hulifanya tumbo liwe zito zaidi kwa saa hizo, kwa hiyo kila kosa huzaa jingine.

Ninachokiogopa zaidi katika barua yako ni ile dozi ya jioni iliyoongezwa. Ikiwa kweli chakula kinachelewa, kuongeza insulini kabla ya mlo ni kuongeza hatari ya kuanguka kwa sukari usiku. Msiisubiri tarehe ya kliniki. Rudini wiki hii, na msilalamike kwamba mlitukanwa, hata kama ni kweli, kwa sababu mazungumzo yatageuka kuwa ya heshima na lawama. Mwambieni daktari sentensi moja: "Mama hutapika alfajiri chakula cha jana jioni, na sukari yake huanguka baada ya kula kisha hupanda usiku, je, inawezekana tumbo lake linachelewa kuteremsha chakula?" Daktari akiamini hivyo, zipo njia kadhaa anazoweza kuchagua, kama vile kubadilisha aina ya insulini, kuigawa kwa namna nyingine, au kumwelekeza mama adungwe baada ya kula pale inapoonekana kwamba mlo umekaa. Uamuzi huo ni wa daktari mwenye namba za mama mbele yake.

Hilo linanifikisha kwenye swali lako la tatu, ambalo nafurahi uliliuliza kabla ya kulitenda. Usipunguze dozi kwa kukisia, wala usiiache kabisa. Mtu anayetapika bado anahitaji insulini kiasi, kwa maana ini huendelea kumwaga sukari kwenye damu hata tumbo likiwa tupu, na insulini ikikosekana damu huweza kujaa asidi na kuhatarisha maisha. Kwa upande mwingine, dozi kamili ya mchanganyiko kwa mtu ambaye hakula kitu humwangusha. Kwa hiyo ombeni kliniki iwaandikie, kwa mkono wa daktari, mpango wa siku za kutapika: akishindwa kula ajidunge kiasi gani, apimwe kila baada ya saa ngapi, na mpige simu ipi. Mpaka mtakapoupata mpango huo, usiku wa namna hiyo mpimeni, mpige simu kliniki au mwende kwenye idara ya dharura kabla ya sindano.

Sukari ikishuka chini ya 4, achaneni na biskuti. Kitu kigumu kitalala tumboni pamoja na vilivyotangulia. Koroga vijiko vitatu vidogo vya sukari katika nusu glasi ya maji, anywe, kisha mpime baada ya dakika 15, na kama bado iko chini umpe tena. Kwa mtu wa aina hii hata maji ya sukari huweza kuchelewa, kwa hiyo msirudi kulala kwa sababu tu ameacha kutetemeka; mrudie kumpima mara kadhaa kabla ya alfajiri. Akipoteza fahamu, msimtie chochote kinywani. Mlazeni ubavu na mtafute gari.

Kabla ya kuikubali gastroparesisi, lakini, lazima sababu nyingine zitafutwe, na hapa naomba mwe wavumilivu. Hali hii si ya kawaida sana kwa wenye kisukari cha aina ya 2, ambacho huenda ndicho cha mama. Katika utafiti mmoja maarufu uliofanywa katika kaunti ya Olmsted, jimbo la Minnesota, Marekani, watu waliofuatiliwa kwa miaka 10 waliipata kwa kiasi cha asilimia 5 wakiwa na kisukari cha aina ya 1, na asilimia 1 hivi wakiwa na cha aina ya 2. Mtu wa miaka 61 aliyepungua kilo 8 na anayetapika chakula cha jana anaweza pia kuwa na kidonda kilichokaza mlango wa chini wa tumbo, au uvimbe wa saratani, na mambo hayo hayabainiki kwa kumsikiliza mgonjwa. Kwa hiyo kipimo cha kwanza ni kamera ya tumbo, yaani mpira mwembamba wenye taa unaopitishwa kinywani. Ulizieni katika hospitali kubwa ya rufaa hapo Kisumu, ile ya Jaramogi Oginga Odinga ambayo wengi bado huiita Russia. Ikishindikana, ombeni rufaa kwenda Eldoret, Moi. Ulizeni mapema kama SHA, bima ya afya ya serikali, italipa, na kiasi gani.

Mnapopangiwa siku ya kamera, mwambieni mtaalamu waziwazi kwamba mama hutapika chakula cha jana. Watu wengine huambiwa wasile tangu usiku na inatosha, lakini kwake huenda isitoshe, na chakula kilichobaki kinaweza kumwingia mapafuni anapopewa dawa ya usingizi. Muulize pia afanye nini na insulini asubuhi hiyo. Kamera ikikuta njia iko wazi na chakula kingali ndani baada ya mfungo mrefu, hiyo ni dalili nzito. Kipimo chenye kuthibitisha kabisa ni cha kumlisha mgonjwa mlo wenye chembe kidogo za mionzi, kwa kawaida mayai na mkate, kisha kumpiga picha kwa saa 4. Ikiwa zaidi ya asilimia 10 ya mlo bado imo tumboni wakati huo, tumbo limechelewa. Kipimo hicho huhitaji idara ya tiba ya nyuklia, ambayo kwetu maana yake ni safari ya Nairobi, na madaktari wengi huamua kuanza matibabu bila hicho, jambo ambalo mimi sioni kosa lake, mradi kamera imefanywa. Damu nayo ipimwe figo, kwa sababu figo zilizochoka huleta kichefuchefu zenyewe, na ipimwe wastani wa sukari wa miezi mitatu.

Kuhusu dawa, macho yako yaliona sawa. Buscopan hulegeza misuli ya tumbo na utumbo. Ndiyo kazi yake, na humfaa mtu mwenye msokoto, lakini tumbo lililo goigoi halihitaji kulegezwa zaidi. Tramadol ni jamaa wa mofini, na dawa zote za ukoo huo huchelewesha tumbo na huongeza kichefuchefu. Dawa nyingine inayotumiwa sana kwa miguu inayowaka, amitriptyline, huweza kufanya vivyo hivyo, kwa hiyo msiikimbilie kama mbadala bila kuuliza. Buscopan kwa vile mliinunua wenyewe mnaweza kuiweka kando mpaka mumwone daktari. Tramadol, kama ameimeza kila siku kwa muda, isikatwe ghafla. Daktari atawaonyesha namna ya kuishusha na atatafuta nyingine ya miguu. Omeprazole hupunguza asidi tu na haisukumi chakula. Metformini huweza kuleta kichefuchefu, ingawa haielezi sukuma wiki ya jana, nayo ijadiliwe. Bebeni dawa zote katika mfuko mmoja, pamoja na za miti shamba, mzimwage mezani mbele ya daktari. (Kwa wasomaji wengine: zile sindano mpya za kisukari na za kupunguza mwili, kama semaglutide, nazo hupunguza mwendo wa tumbo, kwa hiyo anayezitumia na kutapika asianze kujiita mgonjwa wa neva kabla ya kumwambia daktari.)

Zipo dawa za kulichochea tumbo. Inayopatikana kila mahali ni metoclopramide, ambayo wengi huijua kwa jina la Plasil. Husaidia, lakini isiwe ya kununua mfululizo dukani. Tangu 2009 mamlaka ya dawa ya Marekani iliagiza ionywe vikali kwamba matumizi ya zaidi ya wiki 12 yaepukwe, kwa kuwa inaweza kuleta mitikisiko ya uso, ulimi na viungo ambayo huenda isiondoke hata dawa ikiachwa, na walio katika hatari kubwa zaidi ni wanawake wazee na wenye kisukari. Mama yuko kwenye makundi yote mawili. Domperidone huhitaji tahadhari ya moyo, na erythromycin, ambayo ni dawa ya bakteria inayotokea pia kulisukuma tumbo, huchoka baada ya wiki chache.

Nimekuwekea jikoni mwishoni kwa sababu ndiko ulikolaumiwa, na ndiko unakoweza kusaidia kuliko mtu yeyote. Mapishi yako hayakusababisha ugonjwa huu. Lakini nina hakika kwamba umekuwa ukimpikia kama kliniki zinavyofundisha mgonjwa wa kisukari alishwe: mboga za majani kwa wingi, nyoyo, maharagwe, ugali wa mtama usiokobolewa, matunda na maganda yake. Kwa wengi mafunzo hayo ni mazuri. Kwa tumbo linalochelewa, nyuzinyuzi hizo ndizo zinazosagika kwa shida, na maganda ya mahindi na mashina ya sukuma wiki yanaweza hata kufungamana tumboni yakawa donge. Hapa ushauri wa kawaida hugeuka juu chini, na usishangae muuguzi asiyeijua hali hii akikukemea.

Badala ya milo mitatu, mpe midogo sita, kila mmoja wa kujaa bakuli la mtoto. Chakula kiwe laini au cha kunywa, kwani vitu vya majimaji hushuka hata pale vigumu vinapokwama. Uji mwepesi uliochujwa ni mzuri, na ukiutia kijiko cha omena iliyosagwa na kuchekechwa utakuwa umempa protini bila kumtafunisha. Samaki aina ya ngege achemshwe, atolewe miiba, apondwepondwe kwenye mchuzi wake. Wale wa kukaangwa wa kando ya ziwa, najua utamu wao, waachieni watoto, maana mafuta mengi hulichelewesha tumbo. Viazi vitamu vimenywe na kupondwa, na malenge pia. Ugali uwe wa sembe, mdogo na mlaini. Mboga usimnyime kabisa, kwa kuwa mlo wa Mjaluo bila mboga haumezeki: ondoa mashina, katakata laini sana, ipike mpaka iive kabisa, kisha umpe vijiko viwili. Ningejaribu apoth, yaani mrenda, kwanza kabla ya sukuma wiki, kwa ulaini wake, nikitazama kama inakaa au inarudi. Ndizi mbivu na papai badala ya chungwa na embe lenye nyuzi. Maziwa lala yasiyo na mafuta mengi yanafaa, soda zenye gesi hazifai. Vyote hivi vina wanga, na uji hasa huweza kuipandisha sukari haraka ukishashuka, kwa hiyo mpango huu wa milo uende pamoja na mabadiliko ya insulini, wala usiuanze kimyakimya huku akiendelea na dozi ileile. Mwonyesheni daktari, na kama hospitali ina mtaalamu wa lishe, mwombeni kumwona siku hiyohiyo.

Kagua pia meno yake. Mara nyingi tunahangaika na tumbo la mzee wakati kazi ya kwanza ya kusaga haikufanyika kinywani. Na chakula cha jioni kiliwe mapema, saa kumi na mbili hivi, badala ya kusubiri taarifa ya habari, kisha akae wima au atembeetembee uani kwa saa 2 kabla ya kulala.

Yapo mambo ambayo hayangoji kliniki. Akitapika damu au kitu cheusi kama machicha ya kahawa, akishindwa kushikilia hata maji kutwa nzima, akipumua haraka na kwa nguvu, akichanganyikiwa, au sukari ikipita 15 huku akiendelea kutapika, mpelekeni hospitali saa hiyohiyo, hata kama ni usiku.

Wifi yako sitakufundisha kumjibu kwa maneno. Mwombe aje akae wiki moja, apike yeye, kwa mkono wake na viungo vyao vya nyumbani, nawe uandike mama anavyokula na anavyotapika. Kuhusu mumeo, ni yeye anayepaswa kuandamana na mama kliniki safari hii, asikie kwa masikio yake, halafu amwombe mama yake radhi kwa kumpekua mkoba. Jambo hilo hataliweza akiwa amesimuliwa na mkewe.

Kuhusu daftari, lile la kliniki lina nafasi ya namba tu. Nunua jingine la mazoezi, ulipige mistari: saa ya sindano na kiasi chake, saa ya kula, alichokula na vijiko vingapi, sukari kabla ya kula, kisha baada ya saa 1, saa 2 na saa 4, na mwisho saa aliyotapika na kilichotoka. Siku tatu nne za kurasa kama hizo zitamwambia daktari zaidi ya barua yangu hii yote. Vitepe vya kupimia ni ghali, najua, kwa hiyo kama havitoshi, usiruke kipimo cha kabla ya kula na cha saa 2 baada yake. Anza leo, kabla ya sindano ya jioni.